Siasa Inapoingia Mwilini: Daktari Awajibu Wasomaji

Barua tulizopokea katika miezi ya karibuni zimekuwa zikirudia jambo moja kwa sura mbalimbali, nalo ni kwamba kadiri uchaguzi wa Agosti 2027 unavyokaribia nchini Kenya, ndivyo watu wanavyozidi kulalamikia miili yao. Tumechagua barua tatu.

SWALI: Daktari, pokea salamu zangu kutoka Nakuru. Mume wangu ana umri wa miaka 58 na ametumia dawa za presha kwa muda mrefu bila taabu kubwa. Tangu uchaguzi wa 2022 yeye na mdogo wake wameshika pande tofauti, na baada ya kutukanana katika kundi la WhatsApp la familia hawasemezani tena. Hata kwenye matanga kila mmoja hukaa hema lake. Shemeji huyo ndiye aliyekuwa akimpeleka kliniki kwa gari lake na kutununulia dawa mjini. Siku hizi mume wangu hutazama taarifa ya habari ya saa moja, kisha ya saa tatu, halafu hukesha kwenye simu akijibizana na watu asiowajua. Presha yake ilipopimwa mara ya mwisho ilikuwa 172 kwa 104. Nikimwambia kwamba siasa ndiyo inayompandishia, hunijibu kwamba presha ni ugonjwa na haina chama. Ni nani kati yetu anayesema kweli? — *Mama, Nakuru*

JIBU: Mama, asante kwa barua iliyoeleza mambo waziwazi. Mume wako hajakosea anaposema kwamba presha ni ugonjwa wenye mizizi yake: umri, urithi wa ukoo, chumvi nyingi, unene, pombe na kukaa bila kufanya mazoezi. Hata angehamia mahali pasipo na kura wala kampeni, bado angehitaji dawa zake. Lakini hasira, hofu na kukosa usingizi hupandisha presha juu ya hapo ilipokuwa, na kwa mtu ambaye tayari ni mgonjwa nyongeza hiyo si jambo la kupuuzwa.

Mtu anapokasirika, ubongo huzituma tezi mbili zilizokaa juu ya figo kumwaga homoni ya adrenalini katika damu. Moyo huenda mbio, mishipa hubana, ini hutoa sukari, na damu yenyewe huwa tayari zaidi kuganda. Msisimko ukiendelea, homoni nyingine iitwayo kotisoli hubaki juu kwa muda mrefu, na hiyo huvuruga usingizi, huongeza mafuta tumboni na kuufanya mwili ushindwe kuitumia sukari ipasavyo. Yote haya yangemfaa mtu aliyekutana na nyoka njiani, kwa sababu angekimbia, nyoka angebaki nyuma, na mwili ungetulia. Mume wako amekaa kwenye kochi, hana pa kukimbilia, na ifikapo saa tatu anayaanza tena yaleyale aliyoyasikia saa moja.

Jambo hili limechunguzwa. Huko Kusini mwa California, Marekani, watafiti walipitia kumbukumbu za mfumo mmoja mkubwa wa hospitali na kuona kwamba katika siku mbili zilizofuata uchaguzi wa rais wa 2016, watu waliolazwa kwa magonjwa ya ghafla ya moyo na mishipa ya damu, yaani mshtuko wa moyo na kiharusi, walikuwa takriban mara 1.6 ya waliolazwa katika siku hizohizo za wiki iliyotangulia. Baada ya uchaguzi wa 2020, ongezeko katika siku tano za kwanza lilikuwa asilimia 17 likilinganishwa na wiki mbili kabla. Takwimu za aina hii haziwezi kututhibitishia kwamba fulani aliugua kwa sababu ya kura, lakini zinatuonyesha kwamba siku za matokeo ni siku za hatari kwa moyo ambao tayari ni mgonjwa. Nasi Kenya siku zetu za matokeo hurefuka. Mwaka 2017 tulipiga kura tarehe 8 Agosti, Mahakama ya Juu ikabatilisha uchaguzi wa rais tarehe 1 Septemba, tukarudi vituoni tarehe 26 Oktoba, na viongozi wawili walioshindana, Uhuru Kenyatta na Raila Odinga, hawakupeana mikono hadi tarehe 9 Machi 2018. Hiyo ni miezi saba ya watu kulala redio ikiwa wazi.

Hata hivyo, Mama, kilichonishtua zaidi katika barua yako ni ile sentensi uliyoiandika kana kwamba ni ya kupita tu, kwamba shemeji yako ndiye aliyekuwa akimpeleka kliniki. Tukizungumzia siasa na afya, tunapenda kutazama mapigo ya moyo na homoni, na tunasahau kwamba mgonjwa wa presha huishi miaka mingi kwa sababu kuna mtu wa kumkumbusha dawa, wa kumpa usafiri, na wa kumtania akicheka hadi machozi yamtoke. Imekwisha kuthibitishwa kwa tafiti nyingi na katika nchi nyingi kwamba watu waliotengwa na jamaa na marafiki huugua moyo na hufa mapema kuliko wenye watu wao. Kwa hiyo mimi naona ugomvi huu umemdhuru mume wako mara mbili: umempandishia presha, kisha ukamwondolea mtu aliyekuwa akimsaidia kuishusha. Hilo la pili ndilo zito zaidi, na kwa bahati njema ndilo linaloweza kutengenezwa.

Anza na vipimo. Aketi kwa utulivu dakika tano, mgongo ukiwa umeegemea, miguu yote miwili sakafuni bila kukunja nne, mkono ukiwa juu ya meza usawa wa moyo, na awe hajanywa kahawa wala kuvuta sigara kwa nusu saa. Asizungumze wakati mashine inapima, na televisheni izimwe. Pimeni asubuhi na jioni kwa wiki nzima, muandike kila namba daftarini, kisha daftari hilo liende kliniki, kwa kuwa daktari atajua zaidi kutokana na namba za wiki kuliko kipimo kimoja kilichochukuliwa mgonjwa akiwa ametoka kugombana. Kliniki yenyewe isiahirishwe, maana 172 kwa 104 si ya kungojea. Dawa asiache hata akijisikia vizuri, kwani baadhi yake zikiachwa ghafla presha hurudi juu kwa kasi. Ikifika 180 kwa 120, pamoja na maumivu ya kifua, kupumua kwa shida, ulimi kuwa mzito, uso kupinda au mkono mmoja kulegea, mpelekeni hospitali saa hiyohiyo, iwe usiku au mchana.

Kuhusu habari, usimkataze, kwa sababu mtu mzima akikatazwa hufanya kwa siri. Mwombe achague taarifa moja, ile ya saa moja, na simu ilale sebuleni ikichajiwa. Kuhusu shemeji yako, nakusihi usijaribu kuwapatanisha kwa hoja za nani alishinda na nani aliibiwa, maana hapo hamtafika popote. Mpigie simu wewe mwenyewe, umsomee namba za daftari, kisha umwombe jambo moja tu: ampeleke kaka yake kliniki tarehe fulani. Ndugu wengi wasioweza kuombana radhi huweza kukaa pamoja ndani ya gari.

SWALI: Daktari, jirani zangu wanasema mabishano ya siasa yamenitoboa tumbo. Kila nikibishana kijiweni nasikia moto chini ya kifua. Je, ni kweli siasa huleta vidonda vya tumbo? — *Msomaji, Mombasa*

JIBU: La, ndugu yangu. Vidonda vingi vya tumbo husababishwa na bakteria waitwao *Helicobacter pylori* au na matumizi ya mara kwa mara ya dawa za maumivu kama aspirini, ibuprofeni na diklofenaki. Msongo wa mawazo hauanzishi kidonda kwa kawaida, ila huyafanya maumivu yasikike zaidi, na pia humfanya mtu ale ovyo, avute sigara na kumeza dawa za kuumwa kichwa bila hesabu, mambo ambayo hudhuru tumbo. Omba upimwe bakteria hao, kwa kuwa wana tiba ya antibiotiki. Ukiona choo cheusi kama lami au ukitapika damu, usingoje. Na iwapo moto huo hukujia ukitembea au ukipanda ngazi, ukaenea hadi begani au tayani, moyo upimwe kabla ya tumbo.

SWALI: Daktari, nilikuwa na umri wa miaka tisa Januari 2008 tulipokimbia kutoka Burnt Forest na kuishi katika kambi ya uwanja wa maonyesho wa Eldoret. Sasa nina kazi na mchumba, na sikuwahi kujiona mgonjwa. Lakini gari la kampeni likipita na vipaza sauti, viganja hutoa jasho, kifua hubana na masikio huziba. Usiku naota moshi. Nimepimwa umeme wa moyo mara kadhaa na nikaambiwa moyo ni mzima. Naogopa kumwambia mchumba wangu, ambaye ni wa jamii nyingine, asije akadhani namchukia au nimerukwa na akili. — *Kijana, Uasin Gishu*

JIBU: Mwanangu, hujarukwa na akili. Dalili unazozieleza ni za msongo unaobaki baada ya kiwewe, yaani tukio la kutisha lililoumiza akili, nao ni ugonjwa unaojulikana na wenye tiba. Machafuko yaliyofuata uchaguzi wa Desemba 2007 yaliua zaidi ya watu 1,100 na kuwafukuza makwao watu laki kadhaa, na wengi wao walikuwa watoto ambao hakuna aliyewauliza wameona nini. Ubongo wa mtoto aliyeona nyumba ikiungua huhifadhi sauti na harufu za siku ile pamoja na hofu yake. Miaka mingi baadaye kipaza sauti kikilia, sehemu ya ubongo inayolinda uhai hutoa king'ora kabla ya sehemu inayofikiri kupata nafasi ya kukumbuka kwamba sasa ni mwaka mwingine. Jasho na kubanwa kifua ni vya kweli kabisa. Ni moyo mzima unaotii amri isiyofaa.

Hofu hiyo ikikupata, usipambane nayo kwa kuvuta pumzi nyingi za haraka, kwani hizo ndizo huleta kizunguzungu na ganzi. Vuta pumzi taratibu kupitia puani, itoe polepole kwa muda mrefu kuliko ulivyoivuta, huku ukitaja kwa sauti vitu unavyoviona: meza, dirisha, jina la mtaa, tarehe ya leo. Usinunue vidonge vya usingizi dukani bila cheti, wala usitumie pombe kulala, kwa sababu vyote viwili huziacha ndoto zilivyo na huongeza tatizo la pili.

Tiba yenyewe ni mazungumzo na mtaalamu aliyefunzwa kutibu kiwewe, ambaye atakusaidia kulisimulia tukio hilo hatua kwa hatua hadi liwe kumbukumbu kama kumbukumbu nyingine. Hospitali ya Rufaa na Mafunzo ya Moi mjini Eldoret ina idara ya afya ya akili, na laini ya bure ya Shirika la Msalaba Mwekundu, 1199, hupokea wanaohitaji ushauri nasaha. Anza sasa, kabla ya kampeni kupamba moto, kwa sababu tiba hii huchukua wiki kadhaa. Yakikujia mawazo ya kujiua, piga simu siku hiyohiyo na usibaki peke yako.

Mchumba wako mweleze, lakini usingoje hadi siku utakapotetemeka mbele yake. Chagua jioni tulivu, umwambie uliyoyaona ukiwa na miaka tisa na yanayotokea mwilini mwako unaposikia vipaza sauti, na umwambie unachotaka akufanyie wakati huo, iwe ni kukushika mkono au kuzima redio. Mwambie pia kwamba hofu hiyo haina uhusiano na jina lake wala la wazazi wake. Akitaka kufuatana nawe kwa mtaalamu, mkubalie.