Mbunifu wa mandhari si mpanga viti

Ndugu, umeuliza kama mbunifu wa mandhari ya filamu ndiye yule anayepanga viti na mapazia. Hapana, huyo ni mmoja wa watu wake. Mbunifu mwenyewe husoma skripti, hukaa na mwongozaji na mpiga picha, kisha huamua dunia nzima ya hadithi ionekaneje: rangi, kuta, vyombo, hata uchakavu wa mlango. Bajeti ya kujenga pia iko mikononi mwake.

Chukua hadithi ya Dodoma mwaka 1973, serikali ilipoamua kuhamishia makao makuu huku. Majengo ya Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM) yasionekane hata kwa mbali, chuo kimeanza 2007. Nyumba ya Kigogo, yaani ya Wagogo, wenyeji wa Dodoma, iwe tembe halisi, paa bapa la udongo juu ya magogo. Mtu akiweka msonge wenye paa la nyasi, bibi yangu wa Kigogo atajua papo hapo kwamba si kwao. Na vumbi jekundu lifike hadi kwenye pindo za mapazia, tafadhali! Hapo ndipo wengi wetu tunapokosea, seti inang'aa kama duka la samani.