Tranka la mwalimu wangu na nguo za Ruth Simmons

Jumapili iliyopita nimekaa barazani kwetu Magomeni, Bagamoyo, simu ikalia. Ujumbe. "Shikamoo mwalimu. Niko kidato cha 6. Ndoto yangu ni kuwa mkuu wa chuo kikuu. Nianzie wapi?"

Marahaba, mwanangu. Sikukujibu siku ile, na sababu nitakueleza hapa mbele za watu, maana najua wanaosoma ukurasa huu wengi mna ndoto kama yako. Wiki 3 kabla ya ujumbe wako nilikuwa nimetoka kwenye usaili wa ukuu wa chuo, nikakosa. Jibu langu lingekuwa chungu.

Usaili wenyewe sitauhadithia wote. Watu 5 mezani, chupa za maji, feni inalia. Waliniuliza nimefikaje nilipofika. Nikaongea! Nilivyotoka shule ya msingi hapa hapa Bagamoyo, nilivyosoma kwa kibatari, nilivyopanda kutoka mkufunzi msaidizi hadi makamu wa taaluma. Mzee mmoja aliyekuwa kimya muda wote akaniuliza, "Na nani alikushika mkono?" Nikamjibu, "Mungu, na juhudi zangu mwenyewe." Akainamisha kichwa, akaandika kitu. Mwenzake akadakia: "Na mume wako ameridhia?" Swali hilo linaniuma hadi leo. Nilikuwa na miaka 22 ya kufundisha mgongoni, nikaulizwa ruhusa ya mume. Barua ilipokuja ilikuwa na mistari 2.

Kwa siku kadhaa nilililaumu lile swali la mume, na bado nalilaumu. Lakini usiku lililonikosesha usingizi ni lile la mzee.

Hapo ndipo nikarudi kusoma habari za Ruth Simmons simuni. Namfuatilia tangu 2001, alipoanza kukiongoza Chuo Kikuu cha Brown kule Marekani. Wao mkuu wa chuo humwita rais. Kwetu kazi hiyo anaifanya Makamu Mkuu wa Chuo. Brown ni kimoja cha vyuo 8 vinavyoitwa Ivy League, vikongwe na vya kitajiri, na kabla yake hakuna hata kimoja kilichowahi kuongozwa na mtu mweusi. Brown kimeanzishwa 1764. Piga hesabu mwenyewe.

Alizaliwa 1945 Grapeland, Texas, kitindamimba wa watoto 12. Wazazi wake walilima mashamba ya watu kwa kugawana mavuno na mwenye shamba, halafu familia ikahamia Houston. Mama yake alifanya usafi na kupiga pasi kwenye nyumba za Wazungu, akafariki Ruth akiwa na miaka 15. Ilipofika wakati wa kwenda chuo, Dillard kule New Orleans, hakuwa na nguo za maana. Walimu wake wakafungua makabati yao, wakampa nguo zao wenyewe. Na jambo hili yeye hakulificha. Kalisimulia mara nyingi, akiwa tayari mkubwa.

Nilipofika hapo niliweka simu chini.

Mama yangu alikuwa akikaanga samaki pale soko la samaki, ufukweni. Jioni akirudi macho mekundu kwa moshi, khanga inanuka mafuta. Nilipochaguliwa shule ya bweni, fomu ilitaka tranka, godoro, mashuka 2, ndoo na jembe. Ndoo tulikuwa nayo. Mwalimu wangu wa Kiswahili alisikia, akaja jioni na baiskeli, nyuma kafunga tranka lake la bati kwa mpira. La kijani. Jina lake lilikuwa limeandikwa kwa rangi nyeupe kifunikoni. Akakaa uani kwetu, akalikwangua kwa wembe taratibu, kisha akaandika langu. Herufi ya kwanza ya jina lake haikutoka vizuri, ipo mpaka leo chini ya yangu. Akanipa kufuli na ufunguo mmoja, akasema nisiupoteze kwa kuwa wa akiba hana.

Tranka hilo liko chumbani kwangu, nimehifadhia khanga za marehemu mama. Na mimi nilikaa mbele ya watu 5 nikasema juhudi zangu mwenyewe.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza, mwanangu: wajue waliokubeba, wataje. Chukua karatasi, andika majina yao, iweke kwenye faili moja na vyeti vyako. Ukiulizwa umefikaje, anza nao.

La pili, soma. Ruth Simmons alipata shahada yake ya udaktari Harvard 1973, kwenye lugha za Ulaya zilizotokana na Kilatini, akiandika juu ya mashairi ya Kifaransa ya Aimé Césaire wa kisiwa cha Martinique. Wangapi wangemwambia mtoto wa mkulima kuwa Kifaransa hakina ugali? Asikudanganye mtu kuwa uongozi unasomewa kwenye semina ya siku 2. Kabla ya Brown aliongoza Smith, chuo cha wanawake, kuanzia 1995, na hapo akaanzisha masomo ya uhandisi, jambo ambalo vyuo vya wanawake Marekani havikuwa nalo. Alikwenda akijua anachotaka kujenga. Jiandae hivyo. Nasema tena, jiandae.

Lakini lililonifunga kwake kama mtu wa Bagamoyo ni jingine. Mwaka 2003 aliunda kamati ichunguze Brown na biashara ya utumwa. Ripoti ikatoka 2006, ikaeleza wazi kuwa fedha za utumwa zilikuwemo kwenye misingi ya chuo, na watumwa walifanya kazi kwenye ujenzi wa jengo lake la mwanzo. Kitukuu wa watumwa, amekalia kiti kile, anafungua daftari la mwenye nyumba mbele ya mwenye nyumba.

Sisi tumekulia hapa. Shuleni tulipita Caravan Serai kila siku, ambako misafara ya pembe ilifikia. Tumepelekwa Misheni, ambako mapadre wa Roho Mtakatifu walifika 1868 na kuwakomboa watumwa kwa fedha. Milango ya nakshi tunaipigia picha za harusi. Ni wangapi tumewahi kuuliza nyumba ile ilijengwa kwa jasho la nani? Kiongozi wa chuo ambaye hawezi kuuliza swali la namna hiyo kwenye chuo chake mwenyewe, hata kama ni kuhusu ada za wanafunzi zilikwenda wapi, amekalia kiti tu. Vijana, msitamani kiti. Tamani kazi iliyo mbele ya kiti.

Alitoka Brown 2012. Angeweza kupumzika kwa heshima zote. Mwaka 2017 akarudi Texas kukiongoza Prairie View A&M, chuo cha weusi kilichojengwa palipokuwa shamba la watumwa, akawa mwanamke wa kwanza kukiongoza, mpaka 2023. Alirudi nyumbani kuwafungulia kabati wengine.

Nitaomba tena nafasi itakapotangazwa. Swali la mume likija, safari hii nitalijibu kwa utulivu na sitalia kwenye basi mpaka Mapinga.

Jumanne nilikwenda Kaole kumsalimia mwalimu wangu. Kazeeka, macho yamefifia. Nilibeba tranka kwenye bajaji. Nikamwambia, "Shikamoo mwalimu, nimekuja kuomba radhi," nikamweleza yote. Hakusema neno juu ya usaili. Alipapasa kifuniko mpaka kidole kikaigusa ile herufi yake, akacheka kidogo, kisha akauliza kama kufuli bado linafunga.