Usipake rangi ukuta wa nyumba ya kukodi Mji Mkongwe

Simamisha hiyo rangi kwanza! Umeandika umepata kazi yako ya mwanzo ya ubunifu wa seti, yaani mandhari ya kuigizia, tamthilia, nyumba ya kukodi Shangani, humo Mji Mkongwe wa Zanzibar, na mwandaaji anataka chumba cha juu kipakwe rangi ya maji ya buluu, mkimaliza kushuti mrudishie nyeupe. Ukauliza na malipo. Ndugu yangu, malipo gani tena, ukuta huo utayala yote.

Kuta zile ni mawe ya matumbawe na chokaa. Zinanyonya unyevu kutoka ardhini na hewani, kisha zinautoa. Rangi ya maji ya dukani ina plastiki, inaziba uso wa ukuta, unyevu na chumvi vinabaki ndani. Mwanzoni huoni kitu. Ikija masika, rangi inatoka malengelenge, lipu inaachana na jiwe na kudondoka mapande. Nyeupe ya kurudishia ni plastiki juu ya plastiki. Dawa yake ni kukwangua mpaka jiweni na kupiga lipu ya chokaa upya, tabaka baada ya tabaka, kila moja likauke taratibu, kwa fundi anayeijua chokaa. Ukiziba kwa saruji ndiyo umeharibu zaidi. Na Mji Mkongwe ni Urithi wa Dunia tangu 2000, majengo yake yana mamlaka inayoyasimamia. Hao wanaokwambia "paka tu, ukuta ni ukuta" wanakuponza, na siku mwenye nyumba anadai hutamwona hata mmoja wao!

Ukuta wa mtu hauguswi. Jenga wako mbele yake.

Muulize mwongozaji na mpiga picha kamera itaona kuta zipi, ujenge hizo tu. Vyumba vile ni vyembamba kwa sababu upana wake unafuata urefu wa boriti za mikoko, mara nyingi kama mita 3, kwa hiyo kila sentimita unayoila kamera itaitafuta. Fremu ya mbao za inchi 2 kwa 1, plaiwudi ya milimita 4, nyuma acha sentimita 10 hewa ipite. Plaiwudi nzima ni futi 4 kwa 8 na ngazi za kule haziipitishi. Pima mlango na kona za ngazi kabla ya kukata. Paneli za upana wa futi 2 zinapita. Funga kwa skrubu, msumari utakusumbua siku ya kubomoa. Paneli mbili zikikutana kwenye kona zinashikana zenyewe. Iliyo peke yake ipe egemeo na mifuko ya mchanga, upande kamera isikoangalia.

Maungio yabandike kitambaa cha marekani kwa gundi ya mbao iliyozimuliwa maji, ndipo upake rangi isiyong'aa. Jaribu kipande kimoja chini ya taa za kazi na ukitazame kwenye monita, maana buluu kali kwenye chumba chembamba inarudi usoni kwa mwigizaji.

Ukuta wa mita 4 unataka plaiwudi 4. Dari zile zinapita futi 8, kwa hiyo ama uongeze kipande juu, ama mpiga picha akubali mapema kutoinua kamera.