Nimelipa Miaka Mitano, Mbona Deni Halishuki?

Safari hii barua karibu zote ni za mkopo wa nyumba, sijui mmeambiana. Namba nimeziacha bila sarafu maana hesabu ni ileile popote ulipo, weka pesa ya kwenu uendelee.

SWALI: Shikamoo Anti. Mi na mume wangu tulichukua mkopo wa nyumba milioni 100, riba asilimia 12 kwa mwaka, miaka 20. Kila mwezi tunakatwa 1,101,086 na hatujawahi kuruka hata mwezi mmoja, hata ule mwaka nilipokuwa sina kazi. Juzi tumetimiza miaka mitano nikaenda kuchukua stetimenti nakuta bado tunadaiwa milioni 91.7, nikadhani nimesoma vibaya nikamwomba yule dada aprinti tena. Anti tumeshalipa milioni 66! Mume wangu anasema tumeibiwa na kesho anaenda kugombana nao. Nisaidie kabla hajaenda. — *Mwenye stetimenti mkononi*

JIBU: Marahaba mwanangu. Mwambie baba watoto akae kwanza, hesabu yao iko sawa. Hamjaibiwa, ila hakuna aliyewakalisha chini akawaonyesha, na hilo nalo ni kosa lakini si la polisi.

Chukua karatasi tuifanye wote. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi. Mwezi wa kwanza mlikuwa mnadaiwa milioni 100 kamili, kwa hiyo riba ya mwezi ule peke yake ni milioni moja. Nyie mkaleta 1,101,086. Riba ikachukua milioni yake ikaondoka, zikabaki 101,086, na hizo tu ndo zilizopunguza deni. Yaani katika kila mia mliyotoa mwezi ule, tisini na moja hivi zimeenda kwenye riba na tisa kwenye nyumba. Mwezi wa pili salio ni 99,898,914, riba yake 998,989, kinachopunguza deni ni 102,097. Umeona? Kimeongezeka kama elfu moja tu. Na mwezi wa tatu elfu nyingine kidogo, hivyohivyo mdogomdogo, mpaka miaka mitano inaisha mmeng'oa milioni 8 na robo tu na hizo nyingine karibu 58 zote ni riba.

Na bado hujafika pabaya. Mkifika nusu ya safari, miaka 10, mtakuwa mmelipa milioni 132 na bado mtadaiwa milioni 76.7. Rejesho lenu litaanza kupunguza deni kuliko linavyolipa riba mkishapita miaka 14, kabla ya hapo riba ndo inakula sahani kubwa. Jumla mpaka mwisho ni milioni 264 kwa nyumba mliyokopea mia.

Mimi nisijifanye mjanja, mkopo wangu wa kwanza nilisaini kurasa thelathini na kitu nikiwa nimesoma mstari mmoja tu, ule wa rejesho la mwezi. Nilijiuliza "hii nitaiweza?" nikasema naiweza, kalamu ikashuka. Jumla ilikuwepo kwenye jedwali la nyuma, nimekuja kuiona mwaka wa pili natafuta kitu kingine kabisa.

Sasa habari njema. Riba inapigwa kwenye salio, kwa hiyo chochote mnachoongeza leo kinashusha salio moja kwa moja na riba ya miezi yote inayokuja inashuka nacho. Mkianza sasa hivi kuongeza 100,000 kila mwezi juu ya rejesho, ile miaka 15 iliyobaki inakuwa miaka 12 na mwezi mmoja hivi, na mnaokoa karibu milioni 24. Lakini kabla ya kutuma hata senti nendeni mkaulize, na muulize kwa maandishi, hiyo nyongeza wanaiweka wapi? Maana kuna sehemu ukilipa zaidi wanaihifadhi tu kama rejesho la mwezi ujao, deni haliguswi, na wewe unajiona unawahi kumbe umesimama palepale. Waambieni ipunguze deni lenyewe na muda ufupike. Muulize pia kama mkataba una faini ya kulipa mapema, ni kiasi gani na inaisha mwaka gani. Baba watoto kama ana hasira zake aende nazo kwenye maswali hayo mawili.

SWALI: Anti habari. Tuko mbioni kusaini, milioni 100 kwa asilimia 12. Afisa mikopo anatushauri tuchukue miaka 30 badala ya 20 ili "tupumue". Mke wangu amefurahi, mimi roho inasita ila siwezi kueleza kwa nini. — *Roho inasita*

JIBU: Roho yako inajua hesabu kaka, isikilize. Kwa miaka 20 rejesho ni 1,101,086, kwa miaka 30 ni 1,028,613. Hayo mapumzi mnayopewa ni 72,473 kwa mwezi. Bei yake? Jumla inatoka milioni 264 inaenda 370. Milioni 106 zaidi, nyumba ileile, milango ileile.

Kwa nini kupunguziwa ni kidogo hivyo? Kwa sababu riba ya mwezi wa kwanza ni milioni moja, na rejesho haliwezi kushuka chini ya hapo hata wakikupa miaka mia mbili, deni litakuwa halipungui kabisa. Kwa miaka 30 mwezi wa kwanza mnapunguza deni kwa 28,613. Mnakuwa kama wapangaji wa benki, na bomba likipasuka mnaita fundi wenyewe.

Sasa geuza upande wa pili. Mkijibana mkachukua miaka 15 rejesho ni 1,200,168, yaani kama laki moja tu juu ya lile la miaka 20, na jumla inashuka mpaka milioni 216.

Ila nisiseme uongo, hii inategemea riba. Mahali ambapo mikopo ya nyumba ni asilimia 4, milioni 100 kwa miaka 20 ni kama 606,000 kwa mwezi na kwa miaka 30 ni 477,000, hapo mtu anapumua kwelikweli, na jumla inatoka milioni 145 kwenda 172. Riba ikiwa ndogo muda mrefu una maana. Riba ikiwa kubwa kurefusha ni kununua hewa. Na kama kipato chenu kinayumba, mkaogopa kujifunga na rejesho kubwa, chukueni muda mrefu lakini mhakikishe mkataba unaruhusu kuongeza bila faini, halafu MUONGEZE kweli, siyo mnasema mtaongeza.

SWALI: Mambo Anti, nina ofa mbili mezani. Moja asilimia 12 riba ya salio linalopungua, nyingine asilimia 8 "flati". Zote miaka 20. Si nachukua ya 8 tu au kuna kitu sikioni? — *Nane au kumi na mbili*

JIBU: Kuna kitu hukioni, na wameshaomba Mungu usikione.

Salio linalopungua maana yake riba inapigwa kwenye deni lililobaki tu. Flati maana yake riba inapigwa kwenye mkopo wa mwanzo mpaka siku ya mwisho, hata kama umebakiza deni la mwezi mmoja wewe bado unatozwa kama siku ya kwanza. Tuseme unakopa milioni 100, mara asilimia 8 ni milioni 8 kwa mwaka, mara miaka 20 ni milioni 160 za riba. Ile ya 12 inayopungua riba yake yote ni milioni 164. Yaani hiyo "nane" ni sawa na karibu asilimia 11.75 ya salio linalopungua! Tofauti ni robo ya asilimia, siyo nne. Na ukija kupata pesa ukataka kulipa mapema, kwenye ile inayopungua unaokoa riba ya mbele, kwenye flati inategemea mkataba umeandikwaje na mara nyingi hupati cha maana. Mimi ningechukua ya 12, tena bila kuwaza sana.

Halafu usilinganishe riba tu. Kuna ada ya kuandaa mkopo, mthamini, mwanasheria, kusajili rehani, ushuru wa stempu kama upo kwenu, bima ya moto, bima ya maisha ya mkopaji. Wengine wanakwambia usihangaike, "tunakujumlishia humohumo kwenye mkopo", na wewe unashukuru. Hapo ndo pa kushtuka, ada ya milioni 3 ikiingizwa kwenye mkopo wa asilimia 12 miaka 20 utakuja kuilipa karibu milioni 8. Kama unayo mkononi lipa iishe.

Waombe wote wawili namba moja tu: gharama ya mwaka ikiwa na riba na ada zote pamoja, kwa njia ya salio linalopungua. Marekani tangu 1968 kuna sheria inayomlazimisha mkopeshaji amtajie mteja namba ya namna hiyo, inaitwa APR. Kwenu kama hakuna sheria hiyo, omba jedwali la marejesho mwezi kwa mwezi, jumlisha safu ya mwisho kwa simu yako, ongeza ada, basi. Anayekataa kukupa jedwali kabla hujasaini, ameshakujibu.

SWALI: Anti na heshima zote unatisha watu. Hiyo milioni 264 ni ya miaka 20, pesa inashuka thamani, na kodi ya nyumba ingelipwa tu kwa mtu. Mbona husemi hayo? — *Mbishi wa siku zote*

JIBU: Nilikuwa nakusubiri wewe, na leo una hoja.

Kweli, pesa ya mwaka wa 20 siyo ya leo. Bei zikipanda asilimia 6 kila mwaka, rejesho la mwisho la 1,101,086 litakuwa na uzito wa kama 343,000 za leo. Kwa hiyo kusema "nimelipa nyumba mbili na nusu" ni kuongeza chumvi kidogo, nakubali. Lakini hilo linakusaidia kwa masharti mawili, mshahara wako upande na bei, na riba iwe imefungwa. Watu wengi wana riba inayoelea, na bei zikipanda benki kuu inapandisha riba na yako inafuata. Uingereza riba ya benki kuu ilikuwa asilimia 0.1 mpaka katikati ya Desemba 2021, Agosti 2023 ikawa 5.25, muulize yeyote ambaye mkataba wake wa riba uliisha katikati ya hapo. Kwenye mfano wetu wa milioni 100 miaka 20, asilimia 14 badala ya 12 inafanya rejesho 1,243,521 na jumla milioni 298. Asilimia mbili tu, milioni 34. Usikope mpaka mwisho wa uwezo wako, jipimie kwanza na riba iliyopanda mbili au tatu.

Kuhusu kodi, watu wanalinganisha kodi na rejesho zima, hapo ndo wanapokosea, na wanakosea pande zote mbili. Ile sehemu inayopunguza deni ni mali yako, usiihesabu kama gharama. Cha kulinganisha na kodi ni riba, bima, kodi ya majengo na ukarabati. Na ukarabati watu wanausahau kabisa, miaka 20 paa litataka mkono, rangi, mabomba, nyaya. Ukishajumlisha hayo yote, kuna sehemu kupanga ni rahisi zaidi kwa miaka mingi na kuna sehemu kununua kunalipa mapema. Sina jibu la watu wote, na anayekupa jibu la watu wote pengine anauza nyumba.

SWALI: Shikamoo. Kwa haraka tu, nalipwa pesa ya kwetu lakini naambiwa nikikopa kwa pesa ya kigeni riba ni nusu. Nichukue? — *Mwenye haraka*

JIBU: Marahaba. Hapana. Polandi watu walikopea nyumba kwa faranga ya Uswisi kwa sababu hiyohiyo ya riba ndogo, na mishahara yao ilikuwa ya zloti. Tarehe 15 Januari 2015 benki kuu ya Uswisi ikaacha kuizuia faranga isipande, ikaruka siku hiyohiyo, watu wameamka na deni kubwa kuliko walilolala nalo na wala hawakukopa senti ya ziada. Ukipata mshahara wa pesa hiyo ya kigeni niandikie tena tuongee.