Ukitaka kuona ngoma Usukumani, usije Desemba

Kila Desemba nyumba yetu ya Magu hujaa. Watu wanatoka Dar, Dodoma, Arusha, na ikifika siku ya tatu hakosi mtoto au shemeji wa kuuliza, "Kwani huku hakuna burudani?" Kuku wapo, Krismasi kanisani ipo, na spika ya jirani inarudia wimbo uleule tangu alfajiri. Ngoma ndiyo haipo. Januari wanapanda basi wakisema mila za Wasukuma zimekwisha.

Zipo. Ila mwezi huo wachezaji wenyewe wako shambani.

Hilo nimelijua kwa hasara. Mwanangu wa kwanza alipobatizwa nilitaka tumchezee ngoma, na kwa kuwa likizo yangu ilikuwa ya Krismasi, nikapanga iwe Krismasi. Nikaelekezwa kwa mtu anayekodisha vikundi. Nikamtumia nusu ya hela kwa simu, naye akaniahidi wachezaji 20 na ngoma kubwa tatu. Siku ya siku, saa saba mchana, mvua imetoka kukatika, zikaingia bodaboda tatu zimebeba watu sita. Wawili bado wana tope la shamba miguuni. Ngoma ilikuwa moja, na ngozi yake imelegea kwa unyevu. Ukiipiga inalia kama debe lililojaa unga. Wakatafuta majani makavu waipashe moto ikaze, lakini kwa mvua ile ungepata wapi majani makavu? Tukamalizia na spika. Mjomba wangu alikaa kimya mpaka wageni wakaondoka, ndipo akaniambia, "Mwanangu, atakayecheza ngoma mwezi wa kumi na mbili, mwakani atakula nini?"

Kwetu mvua huanza kama Novemba. Mpaka Desemba watu wanakimbizana na pamba na mahindi, na palizi haimsubiri mtu. Pamba huanza kuuzwa kuanzia mwezi wa tano hivi. Mavuno yakishaingia ndani na mfuko ukawa na kitu, ndipo ngoma zinapotoka. Na wanaocheza hawakuanza kuitwa wasanii jana. Bugobogobo, ile ngoma ya majembe ambayo mtu wa mjini ameiona kwenye sherehe za serikali, imetoka shambani: vikundi vya vijana wanaolima pamoja, ngoma ikiwapa mwendo wa jembe. Ukiona kijana anarusha jembe juu, linazunguka hewani, analidaka mpini bila kupoteza hatua, ujue hilo jembe amelishika msimu mzima.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza, na kama huna muda soma huu tu: hamisha likizo yako. Njoo kati ya Juni na Agosti. Shule zina mapumziko ya katikati ya mwaka, kwa hiyo watoto si kisingizio. Saba Saba na Nane Nane ni sikukuu za taifa, na huku kwetu ndizo siku ambazo hata kijiji kidogo kinaweza kuwa na mashindano uwanjani.

Kama hujawahi kuona hata moja, anzia Bujora. Ni karibu na Kisesa, kama kilomita 20 kutoka Mwanza mjini kwa barabara ya Musoma. Unapanda daladala mpaka Kisesa, kisha bodaboda, au unatembea kama una miguu. Hapo ndipo ilipo makumbusho ya Wasukuma, ambayo chimbuko lake ni kazi ya Padre David Clement, Mkanada aliyefika huko miaka ya 1950 na kuipenda ngoma kuliko sisi wengine. Ingia na kanisani. Altare imejengwa kwa umbo la kiti cha mtemi. Mimi nilisali pale utotoni bila kujua nilichokuwa nakitazama.

Sherehe kubwa ya Bujora ni Bulabo, neno ambalo kwa Kisukuma ni maua. Inakwenda na sikukuu ya Ekaristi, na hapa ndipo wengi hukosea, kwa sababu tarehe yake inahama kila mwaka. Hesabu siku 60 baada ya Pasaka. Mwaka 2024 iliangukia Mei 30, mwaka 2025 Juni 19, mwaka 2026 Juni 4. Parokia nyingi huiadhimisha Jumapili inayofuata, na ngoma zenyewe haziishi kwa siku moja, kwa hiyo ulizia ratiba kabla hujakata tiketi ya basi. Nina rafiki aliyefika akakuta watu wanafagia uwanja.

Sasa ukifika uwanjani usikae kama uko ukumbini. Mashindano ya Kisukuma hayana jukwaa wala majaji wenye karatasi. Makundi mawili yanacheza kwa wakati mmoja, kila moja upande wake, na linaloshinda ni lile lililovuta watu wengi. Unaona vumbi linatimka upande wa pili, watu wanapiga kelele, nusu ya uwanja inahama mbio. Dakika kumi baadaye wamerudi, kwa sababu huku ningi, yaani mtunzi na mwimbaji kiongozi, ametoa wimbo wa kumsema mtu fulani wa pale pale na kila mtu anataka kusikia ni nani. Ukisimama kati ya makundi mawili utakanyagwa. Mtoto mdogo mbebe mabegani, na viatu viwe vya kufunga. Mara yangu ya kwanza na wanangu, kandambili moja ya binti yangu ilibaki uwanjani mpaka leo.

Makundi hayo yana ukoo wao. Kuna Bagika na kuna Bagalu, upinzani wa tangu karne ya 19. Inasimuliwa kwamba waganga wawili, Ngika na Gumha, walibishana nani mwenye dawa kali zaidi, na ubishi ukaamuliwa kwa ngoma: dawa ya nani itavuta watu. Mpaka leo utasikia kundi likisifiwa au kushukiwa kwa dawa yake. Wewe mgeni usianze kubishana kama dawa ipo au haipo. Kwanza utachelewesha mchezo.

Kuhusu Wayeye, wale wacheza na nyoka, nina la kusema zaidi. Watoto wanawapenda, na mimi mpaka leo magoti yanalegea. Mchezaji anamtoa chatu kwenye gunia taratibu, anamvika shingoni kama mtandio, anazunguka naye huku ngoma zikipanda. Kwa karibu unaona magamba yanateleza juu ya jasho lake, na unaona pia kwamba macho ya mchezaji hayacheki hata kidogo ingawa mdomo unacheka. Mwaka mmoja nilisogea na simu nipige picha ya kikapu chao cha vifaa. Mzee mmoja akaweka mkono mbele ya kamera, bila ugomvi. "Mayu," yaani mama, "mchezo upige. Hicho acha." Nikaomba radhi. Tangu siku hiyo naomba ruhusa kwanza, na sijawahi kunyimwa picha ya mchezo wenyewe.

Pesa. Beba noti za 1,000 na 2,000, nyingi, kutoka mjini. Kutuza ni sehemu ya ngoma: unaingia uwanjani ukicheza, unambandika mchezaji noti kwenye paji la uso, unatoka ukicheza. Sarafu haibandiki. Na usitegemee wakala, kwa sababu msimu wa pamba kila mtu anatoa hela, na saa nane mchana atakuambia ameishiwa. Nimewahi kumtazama mchezaji mzuri kuliko wote niliowaona maishani nikiwa na laki kwenye simu na mkononi sina hata mia tano.

Kama unataka kukodi kundi kwa sherehe yako, usifanye kama mimi. Nenda mwenyewe, au tuma mtu wa nyumbani anayefahamika kijijini, akaongee na kiongozi wa kundi uso kwa uso. Mwulize watu wangapi, ngoma ngapi, nani anabeba usafiri, wanakula wapi. Chakula ni jambo kubwa kuliko unavyodhani. Watu waliotwanga vumbi kwa saa tatu hawashibi soda na biskuti. Sisi tulipika ugali, sato wa kukaanga na matobolwa ya jioni, yaani viazi vitamu vilivyochemshwa na kukaushwa, na wakaongeza saa nzima ambayo hatukuilipia. Ukiwa na DJ, mwambie azime kabisa. Usimwambie apunguze. Spika na ngoma haviwezi kukaa uwanja mmoja, na mwenye umeme ndiye hushinda.

Jambo moja dogo la adabu: ukifika asubuhi anza na "mwangaluka," na ukipewa kigoda sema "wabeja." Hata kama Kisukuma chako kinaishia hapo, wazee watakutafutia mahali pazuri pa kukaa.

Julai iliyopita tulikwenda wote, mjomba akiwemo na bakora yake. Familia yetu ni Bagika tangu enzi za babu. Ngoma zilipokolea, mwanangu wa miaka saba aliniponyoka mkono akakimbilia upande wa Bagalu, na huko nikamkuta amekaa mstari wa mbele anapiga makofi. Mjomba hakusema neno. Usiku alipogawa matobolwa, yule mtoto alipata kipande kidogo kuliko vyote.