Kabla hujanunua kitabu cha ukimya, jiulize ni kimya gani unatafuta

Mtu akilia, sisi tunamwambia nyamaza. Mtoto akianguka akachubuka goti, nyamaza, nyamaza mama, haya basi imeisha. Na mtu akisema jambo ambalo wakubwa hawataki kuskia, naye pia anaambiwa nyamaza. Neno ni hilohilo moja, la kubembeleza na la kuziba mdomo. Nimekaa na hili jambo kichwani tangu nianze kusoma vitabu vya ukimya, na limenisaidia kuchagua cha kusoma kuliko ushauri wowote niliopewa dukani.

Nieleze nilivyoingia. Kazi yangu ni kupokea simu za wateja, masaa manane kwa siku sauti za watu ziko ndani ya masikio yangu, wengi wao wakiwa wamekasirika. Alafu narudi Pipeline, mtaa wa hapa Nairobi. Anayeijua Pipeline hahitaji maelezo, asiyeijua nimwambie tu ghorofa zimebanana mpaka jirani wa ploti ya pili unamsalimia kupitia dirisha la jikoni bila kupaza sauti, taa inawaka mchana kwa sababu jua halifiki, chini kuna kinyozi mwenye spika mbili, na Ijumaa usiku kuna kesha hadi alfajiri. Sipingi kesha, mimi mwenyewe nimelelewa na kesha. Lakini kuna Ijumaa moja ya 2019 nilitoka shifti ya jioni kichwa kinagonga, nikainua godoro nikaliegemeza kwa dirisha, bado nikaskia, nikaingia bafu nikafunga mlango nikageuza ndoo nikaikalia, na hapo ndio nikalia. Hata pale bafuni bado nilikuwa nasikia zile ngoma kupitia bomba la maji.

Wiki hiyohiyo, kwa inama, wale wauza vitabu vya kutandazwa chini pale tao, katikati ya jiji, kati ya vitabu vya biashara na vya mapenzi, nikaona kitabu chembamba cha Erling Kagge, "Silence". Huyu ni Mnorwe aliyetembea peke yake mpaka Ncha ya Kusini, siku 50 bila kuongea na mtu, akafika Januari 1993. Kitabu hakina sura ndefu, ni majaribio 33 mafupi ya kujibu ukimya ni nini, uko wapi na kwa nini siku hizi tunauhitaji zaidi. Kama unaanza, anza na hicho. Kinasomeka hata na mtu aliyechoka, unasoma vipande viwili unalala. Anachosema kilichonishika ni kwamba usingoje mpaka upate mahali pasipo na kelele, ukimya unaweza kuutengeneza ndani yako hata ukiwa unaosha vyombo. Nilijaribu na masufuria yangu. Nikazima redio, nikaweka simu chumbani, nikaosha nikisikiliza maji tu, na ukweli nilipumua vizuri. Sasa kusema mambo ya barafu na upweke ni rahisi kwa mtu mwenye nchi kubwa yenye watu wachache, hilo nililiwaza, lakini halikunizuia kufaidika na halifai kukuzuia wewe.

Baada ya hapo nikawa na njaa ya hivyo vitabu. Na hapa ndio nilikosea, kwa hiyo nisikilize vizuri.

Nilianza kuutumia ukimya kama fimbo. Mume wangu akinikosea sisemi, nasoma kitabu. Akiniuliza kuna nini, najibu natafuta utulivu. Siku tatu, nne, nyumba iko kimya kabisa na mimi moyoni najiona nimeendelea sana kiroho, kumbe nimenuna tu kama mtu mwingine yeyote. Aliniambia kitu ambacho sijasahau, akasema, "Mama Imani, wewe siku hizi hunyamazi, unaninyamazia." Zile herufi chache zilizoongezeka zilinichoma. Kwa hiyo ukiona unasoma kuhusu ukimya na wale unaoishi nao wanazidi kukuogopa, funga hicho kitabu kwanza, mkaongee, utakirudia.

Kitabu kilichonifungua macho kuhusu hili ni cha Sara Maitland, Mwingereza, kinaitwa "A Book of Silence", kilitoka 2008. Ni kinene, sitakudanganya, na kuna mahali anazunguka sana kwenye historia, hapo ruka bila kujihukumu. Lakini huyu mama alienda kukaa siku 40 peke yake kwenye nyumba moja kisiwa cha Skye, Scotland, na anaeleza kilichomtokea mwilini. Uji, uji wa kawaida tu wa asubuhi, ulianza kuwa na ladha kali ambayo hakuwahi kuijua. Alikuwa akisikia nyimbo ambazo hakuna mtu anaimba. Anaeleza raha yake na pia hatari yake, hafichi, na anaeleza watu waliopotea akili kwa upweke. Na anaweka wazi kwamba rafiki yake alimwandikia barua ya kumpinga, akamwambia ukimya ni ukosefu, ni kitu kinachongoja kuvunjwa, na kwamba wanawake wamenyamazishwa vya kutosha. Nilisoma hapo mara tatu ndani ya matatu ya kwenda kazini, nikapitishwa stejini.

Kama kuna kitu kibaya kilikupata na hujawahi kukisema kwa mtu, usikimbilie zile kambi za kukaa siku kumi bila kuongea, na hivi vitabu usivisome peke yako usiku. Ukimya unaleta juu vitu vilivyolala. Kuwe na mtu mmoja anayejua unasoma nini, rafiki, mshauri, padri, yeyote unayemwamini.

Upande wa imani nao nitausema japo najua watu wataniuliza kama nimehama kanisa. Sijahama. Nilisoma "The Power of Silence" cha Kadinali Robert Sarah, Mwafrika mwenzetu wa Guinea, alichotoa na mwandishi Nicolas Diat, kwa Kifaransa 2016. Ni fikra fupi fupi zenye nambari, na mwishoni kuna mazungumzo na mkuu wa watawa wa Grande Chartreuse kule Ufaransa, watawa ambao maisha yao karibu yote ni kimya. Ni mkali huyo mzee. Sikukubaliana naye kila mahali, naona mama anayelia kwa sauti kanisani naye anafika kwa Mungu vilevile. Lakini alinirudisha kwa Eliya mlimani, upepo, tetemeko, moto, na Mungu hayumo ndani ya hivyo vyote, alafu "sauti ndogo, ya utulivu". Nilikuwa nimeisoma hiyo tangu Sunday school na sikuwahi kujiuliza mimi hiyo sauti ndogo ningeisikilizia wapi.

Na usidhani ni mambo ya Wazungu na watawa tu. Rafiki yangu wa kazini ni Mwislamu, kila mwisho wa Ramadhani kaka yake huingia itikafu, yaani kujitenga msikitini kwa ibada, siku kumi, na yeye ndiye alinikumbusha ile hadithi ya Mtume, anayemwamini Mungu na siku ya mwisho aseme la kheri au anyamaze. Mwingine ametoka Vihiga, ni wa kanisa la Friends, wale Quakers, ambao asili yao ni kuabudu kwa kukaa kimya mpaka mtu aguswe kusema. Wamishonari wao walifika Kaimosi, magharibi mwa Kenya, 1902 na leo Kenya ndiyo nchi yenye Quakers wengi kuliko nyingine yoyote duniani, lakini kanisani kwao kuna nyimbo na mahubiri kama kwetu. Nilipomwambia kuhusu hizo ibada za kimya alikaa akawaza, akasema nyanyake alikuwa akikaa vile kila alfajiri nje ya jikoni na wao walidhani anaota jua.

Kwa mtu aliyeomba na hakujibiwa, mpe "Silence" ya Shusaku Endo, Mjapani Mkatoliki, riwaya ya 1966. Kasisi kijana wa Kireno anaenda Japani karne ya 17 wakati Wakristo wanateswa, anaomba, watu wanakufa baharini mbele yake, na mbinguni hakuna neno. Wanataka akanyage picha ya Kristo ndipo wengine waachwe. Sitasema anafanya nini. Usimpe mtu aliyefiwa wiki iliyopita, mpe baada ya mwaka.

Sasa nifike kwa kile kimya kingine, ambacho ndicho kilinileta hapa na sikujua.

Nilisoma "Dust" ya Yvonne Adhiambo Owuor, wa hapahapa Nairobi. Inaanza na kijana kuuawa kwa risasi jijini wakati wa vurugu za uchaguzi wa 2007, na familia inarudi nyumbani kaskazini na siri zake. Kuna mahali anasema kwamba baada ya kuuawa kwa Mboya, Kenya ilibaki na lugha rasmi tatu, Kiingereza, Kiswahili na Ukimya. Tom Mboya, aliyekuwa waziri, alipigwa risasi Julai 1969 pale Government Road, ndiyo Moi Avenue ya leo, sanamu yake iko palepale na mimi huipita nikienda kupanda gari. Tangu nisome hiyo sentensi siipiti tena vilevile. Si kitabu cha haraka, lugha yake inakatika katika na kurasa za kwanza 40 utaona kama umepotea, vumilia.

Hiyo lugha ya tatu niliijua. Ndiyo tuliyoongea nyumbani.

Kaka yangu mkubwa alifariki 2002, mimi nikiwa na miaka 13, tukiishi mtaa wa Kaloleni, hapa Nairobi. Tuliambiwa ni kifua. Rais Moi alikuwa ameshatangaza ukimwi janga la kitaifa 1999, redioni wanasema kila siku, mtaani watu wanasema fulani amekanyaga waya, yaani ana ukimwi, lakini ndani ya nyumba yetu hilo neno halikuingia. Nilipomuuliza Mama baada ya mazishi aliniambia "nyamaza" na akanishika kichwa akakiweka kifuani kwake, na mpaka leo sijui ilikuwa nyamaza ya aina gani. Nikamwekea kinyongo miaka karibu ishirini. Nilidhani ni aibu, kwamba alimwonea mwanawe aibu.

Sasa kuna riwaya ya Marjorie Oludhe Macgoye inaitwa "Chira", ya 1997. Macgoye alizaliwa Uingereza, akaja Kenya 1954, akaolewa kwa Wajaluo na akaandika kutoka ndani. Chira kwetu ni ule ugonjwa wa kukonda unaompata mtu aliyevunja mwiko, na riwaya inahusu vijana Nairobi na huo ugonjwa mpya unavyopita kati yao huku watu wakiutafutia jina la zamani. Niliisoma maktaba ya Kaloleni, ile iliyokarabatiwa, ambayo ni tawi la maktaba ya McMillan. Ile McMillan yenyewe ya tao, yenye simba wawili mlangoni, ilifunguliwa 1931 na kwa miaka mingi Mwafrika hakuruhusiwa kuingia kusoma. Mimi nilikuwa nimekaa dakika tano kutoka mlango wa Mama na kitabu kinachomhusu.

Nilitafuta nakala yangu nikampelekea. Kiingereza hasomi sana, kwa hiyo Jumapili nilikuwa nakaa jikoni nafungua kitabu na kumsimulia kwa Kiswahili, sentensi kwa sentensi, yeye akichambua maharagwe kwa ungo. Hii ni njia ambayo ningependa ujaribu, kumsomea mtu kwa sauti kitabu kinachosema kile msichoweza kusema, maana hapo hakuna anayemuuliza mwenzake swali, mnamsikiliza mtu wa tatu. Jumapili ya kwanza hakusema neno. Ya pili akauliza tu yule kijana mamake yuko wapi. Ya tatu vidole vikasimama katikati ya maharagwe, jiwe moja dogo jeusi liko kati ya kidole gumba na cha shahada, halitupi, analiangalia.

Akasema, "Aliniomba nisimwambie mtu. Nilimuahidi."

Nikakaa. Sikuwa na la kusema na kwa mara ya kwanza sikulitafuta.

Baadaye akatupa lile jiwe, akataja jina la kaka, jina lake la utotoni ambalo sikuwa nimelisikia tangu matanga, akasema alikuwa anapenda maharagwe yakiungua kidogo chini. Alafu akaniuliza mbona nimeacha kusoma. Tuko karibu ukurasa wa 70 sasa, tunaenda polepole, kila Jumapili baada ya kanisa.