Mume anataka nisaini mkopo wa nyumba: je, ni riba, na kwa kweli tutalipa kiasi gani?

SWALI: Assalamu alaykum warahmatullahi wabarakatuh, Sheikh. Mimi ni mama wa watoto watatu, tumepanga hapa Ngamiani, Tanga, kwa kodi ya shilingi 200,000 kwa mwezi. Mume wangu ni mtumishi wa serikali, ana miaka 39. Amepata nyumba Kange inauzwa milioni 70. Tunazo milioni 10 za akiba, na benki moja ya kawaida imekubali kumkopesha milioni 60 zilizobaki, alipe kwa miaka 20, riba asilimia 15. Yeye anasema asilimia 15 ya milioni 60 ni milioni 9 tu, kiasi ambacho tungekimaliza kwenye kodi kwa miaka minne, na kwamba wanazuoni wa Ulaya wamekwisha kuruhusu mkopo wa nyumba kwa sababu ya dharura. Benki inataka na mimi nisaini fomu ya ridhaa ya mwenza. Nikisaini nina dhambi? Hesabu yake ni sahihi? Na nikikataa, si nitakuwa nimemuasi mume?

JIBU: Waalaykumu s-salaam warahmatullahi wabarakatuh, dada yetu. Alhamdulillahi Rabbil-aalamin, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba zake.

Nitaanza na hesabu kabla ya hukumu. Wengi wanaoniletea suala hili huwa hawajui wanaulizia jambo la ukubwa gani, na mumeo ni mmoja wao. Si kosa lake peke yake. Mikopo ya nyumba ya miaka 15 na 20 ni mambo ya juzi kwetu. Mlango wake ulifunguka baada ya sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008 na kuundwa kwa TMRC mwaka 2010, kampuni inayozipatia benki fedha za muda mrefu za kukopesha. Wazee wetu walijenga chumba kwa chumba, kwa hiyo hatukurithi kwao uzoefu wa kusoma mikataba ya namna hii.

Asilimia 15 aliyoambiwa ni ya kila mwaka. Hiyo milioni 9 anayoitaja ni riba ya takriban mwaka wa kwanza peke yake. Mwaka wa pili benki inahesabu tena kwa deni lililobaki, na wa tatu vivyo hivyo, mpaka miaka 20 iishe. Kwa mkopo wa milioni 60 unaohesabiwa kwa salio linalopungua, rejesho la kila mwezi ni kama shilingi 790,000. Zidisha kwa miezi 240, unapata karibu milioni 189.6. Toa milioni 60 mlizokopa, riba ni milioni 129.6. Ongeza milioni 10 zenu za mwanzo, nyumba ya milioni 70 imewagharimu karibu milioni 200, na hapo sijagusa gharama za mthamini, ada ya kuandaa mkopo, usajili wa rehani, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mkopaji, ambazo nyingine hulipwa hata kabla hamjapewa ufunguo.

Lakini jumla hiyo siyo inayoumiza zaidi. Muulizeni afisa mikopo awachapie jedwali zima la marejesho, msome safu ya riba na safu ya deni la msingi. Mwezi wa kwanza, katika ile 790,000, riba inachukua 750,000. Deni lenyewe linapungua kwa 40,000 tu. Baada ya miaka mitano mtakuwa mmelipa milioni 47.4, na mkienda kuuliza salio mtaambiwa milioni 56.4 na ushei. Yaani milioni 47 zimeondoka nyumbani kwenu, na deni limepungua kwa milioni tatu na nusu. Miaka kumi ikitimia, nusu ya safari, mmelipa milioni 94.8 na bado mnadaiwa karibu milioni 49. Ni katika mwaka wa 16 ndipo rejesho lenu linaanza kupunguza deni zaidi kuliko linavyolipa riba. Mumeo atakuwa na miaka 55 wakati huo, na atamaliza akiwa na 59, mwaka mmoja kabla ya umri wa kustaafu kwa lazima.

Hayo ni iwapo riba haitapanda. Mikataba mingi huipa benki haki ya kuibadilisha. Ikipanda kutoka 15 hadi 17, mkopo huo huo tangu mwanzo ungekuwa na rejesho la shilingi 880,000, na jumla milioni 211. Angalieni kifungu hicho kwanza, kabla hata ya kuangalia rangi ya vigae. Angalieni pia kama riba inahesabiwa kwa salio linalopungua au kwa mkopo wote wa awali mpaka mwisho, maana ikiwa ni ya namna ya pili mtalipa milioni 9 kila mwaka kwa miaka 20, riba milioni 180.

Mumeo atasema nyumba itapanda bei. Huenda. Tangu habari za bomba la mafuta linaloishia Chongoleani, Tanga, zisikike, kila mwenye kiwanja Tanga anazungumza kama tajiri mtarajiwa. Na ni kweli kwamba shilingi 790,000 ya mwaka wa 20 haitakuwa na uzito wa ile ya leo. Sipuuzi hoja hiyo. Ila mfumuko wa bei nchini kwa miaka ya karibuni umekuwa kwenye asilimia 3 hivi, na riba mnayotozwa ni 15. Pengo hilo ni kubwa, na kupanda kwa bei ya nyumba mnayoishi hakuwapi fedha za rejesho la mwezi ujao.

Sasa hukumu. Mwenyezi Mungu anasema katika Suratul-Baqara, aya ya 275, kwamba Amehalalisha biashara na Ameharamisha riba, na katika aya za 278 na 279 Anawaamrisha walioamini waache riba iliyobaki, na wasipofanya hivyo, basi wajue vita kutoka kwa Mwenyezi Mungu na Mtume Wake. Mkopo wa fedha unaorudishwa kwa nyongeza iliyoshurutishwa ndiyo riba yenyewe. Baraza la Kimataifa la Fiqhi la Kiislamu mjini Jeddah lilipitisha mwaka 1985 kwamba riba ya mikopo ya benki ni riba iliyoharamishwa. Haitegemei ukubwa wa kiwango. Ingekuwa asilimia 2, hukumu ni ile ile.

Deni lenyewe si haramu, wala rehani si haramu. Bibi Aisha, Mungu amridhie, amesimulia kuwa Mtume, rehema na amani zimfikie, alinunua chakula kwa Myahudi kwa malipo ya baadaye na akaweka rehani deraya yake ya chuma. Bukhari na Muslim wameipokea. Kwa hiyo asije mtu akakwambia Uislamu unawataka masikini wangoje mpaka wawe na fedha taslimu zote mkononi.

Kuhusu wanazuoni wa Ulaya, mumeo amesikia jambo la kweli, ila amelisikia nusu. Baraza la Ulaya la Fatwa na Utafiti lilitoa fatwa hiyo mwaka 1999 kwa Waislamu wanaoishi nchi za Magharibi, kwa masharti: njia ya halali iwe haipatikani, nyumba iwe ya mtu kuishi na familia yake, asiwe na nyingine, na asiwe na mali ya ziada ya kumwezesha kuinunua bila mkopo huo. Waliegemea hoja ya haja kubwa inayopewa hukumu ya dharura, wakaongeza kauli ya baadhi ya maimamu wa Kihanafi kuhusu miamala katika nchi zisizo za Kiislamu. Wanazuoni wengi waliwapinga hata wakati huo. Sisi watu wa pwani tumelelewa katika madhehebu ya Imamu Shafi'i, naye hakuikubali kauli hiyo ya Kihanafi. Na lile sharti la kwanza hamlitimizi: Amana Bank imekuwa ikifanya kazi nchini kwa misingi ya Kiislamu tangu 2011, na benki za kawaida kadhaa zimefungua madirisha ya huduma hizo. Tena nyinyi mna paa juu ya vichwa vyenu. Kupanga Ngamiani kwa laki mbili kunachosha, hasa mwenye nyumba akiwa mkorofi, lakini si dharura ya kisheria.

Hapa nitasema jambo ambalo baadhi ya masheikh wenzangu hawalipendi. Kwenda benki ya Kiislamu hakukuondolei wajibu wa kupiga hesabu. Katika murabaha benki inainunua nyumba, inaimiliki, kisha inawauzia kwa bei ya juu inayojulikana, mkalipa kwa awamu. Hiyo ni biashara, na faida yake kubwa ni kwamba bei ikishaandikwa haipandi, hata mkichelewa. Faini ya kuchelewa ikiwepo haiwi pato la benki, huelekezwa kwenye sadaka. Lakini benki ikiwauzia kwa milioni 189 kwa miaka 20, mtakuwa mmefanya mkataba wa halali na mmenunua ghali vile vile. Halali na nafuu ni maswali mawili, na Muislamu mwenye akili huuliza yote mawili.

Mkiambiwa ni musharaka unaopungua, yaani mnainunua nyumba kwa ubia, mnalipa kodi ya fungu la benki huku mkilinunua kidogo kidogo, ulizeni nani anabeba matengenezo makubwa na hasara nyumba ikiungua. Mbia ambaye hasara haimgusi kabisa ni mkopeshaji aliyevaa kanzu. Ulizeni pia kama benki inamiliki nyumba kweli kabla ya kuwauzia, au ni karatasi mbili zinazosainiwa mezani kwa dakika moja.

Ipo pia njia ambayo Watanzania wengi wameijengea nyumba zao. Kama mumeo ana uwezo wa kutoa 790,000 kila mwezi, mkiendelea kulipa kodi ya 200,000 mnabakiwa na 590,000. Kwa miaka mitano hiyo ni milioni 35.4, juu ya zile milioni 10 mlizonazo. Kwa muda ule ule, benki ingewapunguzia deni kwa milioni tatu na nusu. Kiwanja chenye hati, msingi, kuta, kupaua, mhamie vyumba viwili vilivyokamilika na vingine vifuate. Njia hii ina taabu zake: vifaa vinapanda, mafundi wanatoroka na fedha ya awali, na nidhamu ya kuweka akiba ni ngumu pasipo benki kukata mshahara. Mimi naiona bora kwenu, lakini mnaoijua nidhamu yenu ni nyinyi.

Tuje kwenye saini yako. Muslim amepokea kutoka kwa Jabir kwamba Mtume, rehema na amani zimfikie, amemlaani mla riba, mwenye kuitoa, mwandishi wake na mashahidi wake wawili, akasema wao ni sawa. Mwenye kuridhia kwa saini ili mkataba upite yuko karibu mno na watu hao, nami sioni kwamba inakujuzia kusaini. Na hilo si uasi kwa mume. Mtume amesema utii ni katika mema tu. Fahamu pia kwamba fomu hiyo si adabu tu ya benki: Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inataka ridhaa ya mwenza kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani, kwa sababu nyumba ikipigwa mnada ni wewe na watoto mtakaotolewa vitu nje. Serikali imekupa sauti hapo. Itumie, ila kwa upole. Usimwambie "Sheikh amesema wewe ni mla riba." Chukua jedwali la marejesho, kaa naye baada ya Isha watoto wakilala, mwonyeshe ule mstari wa mwaka wa tano. Mwanamume anayejua kuhesabu mshahara wake atauelewa bila mawaidha.

Mzungumzeni pia jambo la mauti. Katika Suratun-Nisaa, aya ya 11, mirathi hugawanywa baada ya wasia na deni. Akitangulia mwaka wa saba na bima isilipe kwa sababu fulani ya maandishi madogo, kinachogawanywa kwa watoto wako watatu ni kinachobaki baada ya benki kuchukua chake.

Na akisaini yeye kwa njia nyingine, ukajikuta Kange pasipo ridhaa yako? Kaa na mumeo, swali ndani ya nyumba hiyo, lea wanao. Dhambi iko kwenye mkataba wa riba na kwa aliyeuingia. Kuta si najisi, na chakula cha watoto kinachotokana na mshahara wake wa halali ni halali. Yeye atubie, na toba yake ni pamoja na kutoka kwenye riba haraka awezavyo: alipe zaidi ya rejesho kila apatapo, kwa kuwa kila shilingi ya ziada inaingia moja kwa moja kwenye deni la msingi, au ahamishie deni kwenye mkataba wa Kiislamu ulio wa kweli. Aulize kwanza kama benki inatoza faini ya kulipa mapema. Baadhi hutoza.

Wallahu a'lam.